Mtayarishaji Kizimbani: Joseph Green na Sinema ya Kiyidi Nchini Poland, 1936–1939

Utangulizi

Uhakiki wa sinema umezoea kumtukuza mwelekezi na kumsahau mtayarishaji. Mwelekezi huhesabiwa kuwa mtunzi. Mtayarishaji huhesabiwa kuwa mwenye mfuko, mtu wa nje aliyeingia katika nyumba ya sanaa kudai riba. Mazoea haya yana madhara popote yalipo, lakini hudhuru zaidi pale sanaa inapoundwa katika lugha isiyo na serikali ya kuigharimia, isiyo na chuo cha filamu wala wizara ya utamaduni. Katika lugha ya namna hiyo, swali la nani aliyetoa fedha, alizipata wapi na alitarajia kuzirudisha kupitia kwa nani, ni swali la kifasihi kabla ya kuwa swali la mhasibu. Mhakiki anayelikwepa hujinyima nusu ya maana ya kazi anayoihakiki.

Makala haya yanamtetea mtayarishaji mmoja ambaye amedhulumiwa na mazoea hayo. Joseph Green alizaliwa Łódź, Poland, mwaka 1900, na kufariki Marekani mwaka 1996. Kati ya mwaka 1936 na 1938 alitayarisha filamu nne za Kiyidi katika nchi aliyozaliwa: Yidl mitn Fidl (1936), Der Purimshpiler (1937), Mamele (1938) na A Brivele der Mamen (1938). Ndizo nne tu. Mwezi Septemba 1939 Ujerumani iliivamia Poland, na Green, aliyeishi miaka 57 baada ya hapo, hakutengeneza tena filamu ya Kiyidi.

Wahakiki wanaomzungumzia mtu huyu wamegawanyika katika makundi mawili. Kundi la kwanza linamwona kuwa mchuuzi wa machozi na vichekesho. Kundi la pili linazitazama filamu zake kama makumbusho ya watu walioangamizwa, na kwa hiyo linaona kuwa ni utovu wa adabu kuzihakiki. La kwanza linamhukumu kwa sababu ya soko. La pili linamsamehe kwa sababu ya kaburi. Yote mawili yanakubaliana katika jambo moja: hayazitazami filamu zenyewe.

Lugha na Hadhira Yake

Kiyidi ni lugha ya Wayahudi wa Ulaya ya Mashariki. Asili yake ni Kijerumani cha zama za kati, imechukua mengi kutoka Kiebrania na lugha za Kislavoni, na huandikwa kwa herufi za Kiebrania. Sensa ya Poland ya mwaka 1931 iliandikisha takriban Wayahudi 3,100,000, na karibu 2,500,000 kati yao walitaja Kiyidi kuwa lugha yao ya mama. Nje ya Poland walikuwapo wasemaji wengine katika Muungano wa Kisovieti, Rumania, Marekani, Argentina, Afrika Kusini na kwingineko. Lugha ilikuwa na magazeti, shule, tamthilia na washairi mashuhuri. Iliyopungukiwa nacho ni dola.

Haifai kudhani kwamba Green alitengeneza filamu za Kiyidi kwa sababu Myahudi wa Poland hakuwa na njia nyingine ya kuingia katika sinema. Njia ilikuwapo, tena pana. Aleksander Hertz, mwanzilishi wa kampuni ya Sfinks na mtu aliyemtambulisha Pola Negri katika filamu mwaka 1914, alikuwa wa asili ya Kiyahudi, na filamu zake zililenga hadhira ya Kipolandi. Katika miaka ya 1920 na 1930 sehemu kubwa ya watayarishaji, watunzi wa nyimbo na waandishi wa miswada ya sinema ya Kipolandi walikuwa Wayahudi. Kutumia Kiyidi, basi, kulikuwa uamuzi. Aliyeuchukua alijua kwamba anaipa mgongo hadhira moja ili aielekee nyingine.

Safari yake kuelekea uamuzi huo inaeleweka kwa ufupi. Alianza kama mwigizaji wa jukwaani, akahamia Marekani katika miaka ya 1920. Mwaka 1932 ilitolewa huko New York filamu bubu ya Kiitalia juu ya Yusufu katika nchi ya Misri, ikiwa imetiwa sauti ya Kiyidi. Green alishiriki katika kazi hiyo ya kutia sauti, kisha akaichukua filamu hiyo na kwenda kuionyesha Poland, ambako watu walimiminika kuitazama. Hadhira ilikuwa tayari kulipa ili isikie lugha yake ikitoka kwenye kitambaa cheupe, hata kama midomo iliyoonekana ilikuwa ya Waitalia. Hilo ndilo alilojifunza: kilichokosekana hakikuwa watazamaji. Kilichokosekana ni filamu zilizofanywa kwa ajili yao.

Fedha kama Suala la Fani

Inapofika hapa, mhakiki wa kundi la kwanza hutabasamu: mtu aliona soko akaliingia, na hadithi imekwisha. Kinyume chake, hapo ndipo hadithi inapoanza, kwa kuwa kila uamuzi wa kibiashara aliouchukua Green umeacha alama katika fani ya filamu zake.

Tuichukue Yidl mitn Fidl. Inakadiriwa kuwa iligharimu takriban dola 50,000, na karibu sehemu moja kwa tano ya fedha hizo ilikwenda kwa nyota mmoja, Molly Picon, mzaliwa wa New York. Mtunzi wa muziki, Abraham Ellstein, alikuwa wa New York pia. Mwandishi wa mashairi ya nyimbo, Itzik Manger, aliishi Warsaw. Mwelekezi mwenza alikuwa Jan Nowina-Przybylski, Mpolandi, na mswada uliandikwa na Konrad Tom, mtu wa kabare na sinema ya Kipolandi. Picha za nje zilipigwa Kazimierz Dolny, mji mdogo kando ya mto Vistula. Kwa nini mchanganyiko huu? Kwa sababu gharama za Poland zilikuwa nafuu na mandhari yake ya kweli, ilhali nyota wa Marekani angeiuzia filamu tikiti pande zote mbili za Atlantiki. Hesabu ni ya mfanyabiashara. Lakini tazama kilichozaliwa na hesabu hiyo.

Kilichozaliwa ni kisa cha Itke na baba yake Arye, wanamuziki fukara wanaofukuzwa nyumbani kwa kukosa kodi. Wanaingia barabarani, binti anavaa nguo za kiume na kujiita Yidl, ili aweze kutembea nchini bila kusumbuliwa. Wanakutana na wanamuziki wengine wawili, Yidl anampenda kimyakimya mmoja wao, na baada ya misukosuko mingi binti huyo anasimama jukwaani Warsaw na kujikuta amesimulia hadithi ya maisha yake mwenyewe. Umati unacheka na kushangilia. Filamu inakwisha melini, safarini kwenda New York.

Muundo huu unaotoka mji mdogo, ukapita mji mkuu na kuishia baharini, ni ramani ya hadhira yenyewe. Mtazamaji wa Poland aliuona mji wake, na mtazamaji wa New York aliuona mji alioukimbia akiwa mtoto. Green alilazimika kutunga hadithi ambayo wote wawili wangeiona kuwa yao, waliobaki na waliohama, na lazima hiyo ndiyo iliyompa dhamira yake kuu: utengano. Katika A Brivele der Mamen dhamira hiyo imekomaa. Jina la filamu lilitokana na wimbo uliokuwa ukijulikana na kila msemaji wa Kiyidi tangu mwaka 1907, juu ya barua ambayo mama anaisubiri kutoka kwa mwanawe. Mume anakwenda Marekani kutafuta riziki, mwana mdogo anamfuata, vita vya kwanza vya dunia vinakata mawasiliano, na mama anabaki kusubiri. Soko lililovuka bahari ndilo lililodai hadithi ya bahari. Mhakiki anayetenganisha fedha na dhamira hapa atakuwa anatenganisha moto na joto.

Shtaka la Utakataka

Wahakiki wa Kiyidi wenyewe walikuwa na neno la dharau kwa kazi za kupendeza umma: shund. Maana yake ni takataka, na shtaka lake ni maarufu: nyimbo nyingi, machozi ya bei nafuu, sadfa zisizoaminika, na mwigizaji wa miaka 38 anayejifanya binti mdogo.

Sadfa zimo, wala hakuna haja ya kuzifichia aibu. Lakini wanaotoa shtaka hili humlinganisha Green na filamu nyingine ya Kiyidi ya Poland, Der Dibuk ya mwaka 1937, iliyotokana na tamthilia maarufu ya S. An-sky juu ya roho ya marehemu inayomwingia bibi arusi. Hiyo, wanasema, ndiyo sanaa. Ni kweli kuwa Der Dibuk ni kazi ya hali ya juu. Ila mwelekezi wake, Michał Waszyński, ndiye aliyekuwa mwelekezi wa kibiashara mwenye shughuli nyingi kuliko wote nchini, aliyeelekeza zaidi ya filamu 30 katika mwongo mmoja, nyingi zikiwa vichekesho na visa vya mapenzi. Waliogharimia Der Dibuk nao walitarajia faida. Ikiwa fedha ni doa, basi doa hilo limeipata Der Dibuk pia. Kinachowapendeza wahakiki ni huzuni yake, mavazi yake meusi na makaburi yake. Wamechanganya uzito wa dhamira na ubora wa utunzi, kosa ambalo mwanafunzi wa mwaka wa kwanza huonywa asilitende.

Fauka ya hayo, nyimbo za Yidl mitn Fidl ziliandikwa na Itzik Manger, mmoja wa washairi wakubwa wa Kiyidi wa karne ya ishirini. Wahakiki huipita nukta hii kana kwamba Manger alipotea njia siku hiyo. Ukweli ni kwamba ushairi wa Manger ulinywa katika kisima kilekile cha nyimbo za mtaani na waimbaji wa kutangatanga. Alipoandika kwa ajili ya Green alikuwa nyumbani. Mpaka kati ya sanaa ya juu na sanaa ya umma, ambao wahakiki wanaulinda kwa bidii, haukuwapo kwa watu waliokuwa wakiifanya kazi yenyewe.

Shtaka Linalostahili Kusikilizwa

Yapo mashtaka ya haki dhidi ya Green, na ni ajabu kwamba maadui zake hawayatoi. La kwanza ni kimya. Baada ya kifo cha Józef Piłsudski mwezi Mei 1935, siasa za kuwabagua Wayahudi zilishika kasi nchini Poland. Maduka yao yalisusiwa. Mwezi Machi 1936 Wayahudi walishambuliwa na kuuawa katika mji wa Przytyk. Mwaka 1937 vyuo vikuu vilianza kuwalazimisha wanafunzi wa Kiyahudi kukaa kwenye madawati ya pekee. Hakuna hata moja kati ya mambo haya linaloonekana katika filamu za Green. Der Purimshpiler imewekwa Galicia ya kabla ya vita vya kwanza, mbali na gazeti la siku hiyo.

Shtaka hili ni zito, wala halijibiki kwa kusema kwamba watu walitaka kucheka. Lakini linahitaji kusomwa pamoja na jambo jingine lililo wazi kwenye filamu. Katika Yidl mitn Fidl karibu kila mtu anasema Kiyidi: mwenye nyumba, tajiri, mwenye ukumbi, mpita njia. Wanamuziki wanapanda gari la majani makavu, wanapita mashambani wakiimba, na nchi yote inaonekana kuwa yao. Katika Poland ya mwaka 1936, ambako wanasiasa walijadili hadharani namna ya kuwaondoa watu hawa, kuwaonyesha wakisema lugha yao chini ya jua bila kuomba ruhusa kulikuwa ni kutoa kauli. Kauli hiyo haifuti kimya kile. Inakifanya kiwe kimya chenye maana, kinachostahili uchambuzi na sio kejeli.

La pili ni zito zaidi, nalo ni la ile meli. Sheria ya uhamiaji ya Marekani ya mwaka 1924 ilikuwa imeubana mlango wa nchi hiyo kwa watu wa Ulaya ya Mashariki kwa kuweka idadi ndogo ya wanaoruhusiwa kila mwaka. Mtazamaji aliyekaa katika sinema ya Warsaw mwaka 1936 aliona shujaa wake akipanda meli ambayo yeye mwenyewe, kwa uwezekano mkubwa, asingeruhusiwa kuipanda. Kwa mtazamaji wa New York mwisho huo ulikuwa kumbukumbu. Kwa mtazamaji wa Warsaw ulikuwa ahadi isiyo na dhamana. Hapa ndipo daraja la Green linapotikisika: hadhira zake mbili hazikuwa na hatima moja, na hadithi moja ilizidanganya kwamba zinayo. A Brivele der Mamen ni ya kweli zaidi, kwa sababu inaianza safari katika zama ambazo mlango ulikuwa wazi, na inahesabu kwa miaka na kwa majonzi gharama ya kuupita. Kutoka filamu ya kwanza hadi ya nne, mtayarishaji huyu alipunguza uwongo na kuongeza huzuni. Hayo ni maendeleo ya mtunzi, na hayaonekani kwa anayetafuta takataka.

Dhidi ya Uhakiki wa Kaburini

Limebaki kundi la pili, ambalo kosa lake ni gumu kulitaja kwa sababu limevaa nguo za matanga. Takriban Wayahudi milioni tatu wa Poland waliuawa katika vita vya pili vya dunia. Jamii ya Wayahudi wa Kazimierz Dolny iliangamizwa mwaka 1942. Mtu anayejua haya haitazami arusi iliyopigwa picha katika mji huo mwaka 1936, ambamo wenyeji wenyewe walikuwa wageni waalikwa, bila donge kooni. Hakuna wa kumlaumu. Kosa huanza pale donge hilo linapochukua nafasi ya uhakiki.

Arusi yenyewe ni ya nani? Ni ya msichana Teibele, anayeozwa mzee tajiri asiyempenda, ilhali kijana wa moyo wake yuko mbali. Karamu imejaa, chakula hakina hesabu, wazee wanacheza, na katikati ya shangwe ameketi bibi arusi anayelia kwa kuuzwa. Wanamuziki wanamsaidia kutoroka. Tukio zima ni kejeli dhidi ya fedha na dhidi ya desturi inayozitii fedha. Mhakiki wa kaburini haoni kejeli hiyo. Akiitazama karamu anaona “ulimwengu uliopotea”, anauombolezea, na hivyo anajikuta upande wa bwana arusi. Maombolezo yamemgeuzia maana ya tukio: lililokuwa shutuma limekuwa sifa.

Wale wageni wa arusi walikuja kucheka mzee tajiri akiaibishwa. Walikuwa na maoni juu ya ndoa, juu ya kodi ya nyumba, juu ya binti anayevaa suruali. Kuwatazama kama marehemu watarajiwa ni kuwanyang'anya maoni hayo, na kuwaachia jambo moja tu la kutufundisha, yaani kifo chao. Waliowaua walikuwa wamewaona hivyohivyo. Heshima wanayostahili ni kutazamwa katika mwaka 1936, na kubishana nao.

Hitimisho

Wanaofundisha fasihi ya Kiswahili watayatambua mazoea yaliyopingwa hapa. Mgawanyo wa fasihi dhati na fasihi pendwa umewarahisishia wahakiki wengi kazi: riwaya inayouzwa kwenye vibanda vya barabarani hupewa aya moja ya lawama, na riwaya inayotahiniwa hupewa sura nzima. Ni mara chache tasnifu huuliza nani aliichapisha kazi, kwa fedha zipi, na akimtazamia msomaji yupi; ni mara chache zaidi jibu la swali hilo hufuatiliwa hadi ndani ya muundo wa hadithi. Kisa cha Green kinaonyesha kwamba ufuatiliaji huo hulipa.

Wahenga walisema mcheza kwao hutunzwa. Green alicheza kwao, na kwao kulikuwa kuwili, Poland na ng'ambo ya bahari. Alitunzwa kwa miaka mitatu. Kisha nusu ya ukumbi ikauawa, na mchezaji akanyamaza. Wanaomwita mchuuzi wana swali moja la kujibu: mchuuzi akipoteza wateja huhamisha meza yake kwenda kwa wateja wengine, na Kiingereza kilikuwapo palepale New York, na hadhira isiyo na idadi. Mbona huyu hakuihamisha meza? Mpaka watakapolijibu, hukumu yao dhidi yake haina mashiko.